Kompyuta ikidai d3dx9_43.dll haipo, usikimbilie kupiga Windows upya

Wateja wengi wenye tatizo hili hutufikia wakiwa wameshaambiwa kwamba Windows imekufa. Mtu amefungua programu ya zamani ya kuchora nyumba, au mtoto kaweka gemu la mwaka 2011, na badala yake kimetokea kidirisha kinachosema faili la d3dx9_43.dll halipo. Fundi wa kwanza kashauri kufuta kila kitu. Subiri kidogo.

Windows yako ni nzima. Kinachokosekana ni faili la maktaba ya michoro, yaani kazi za uchoraji zilizoandikwa mara moja ili programu nyingi zizitumie kwa pamoja. Microsoft waliyatoa mafaili ya ukoo huu, D3DX (nyongeza ya DirectX 9, mfumo wa michoro wa Windows), kwa namba: la 24 mwaka 2005, hadi la 43 Juni 2010, kisha wakaishia hapo. Kila programu hudai namba ileile iliyotengenezwa nayo. Kulichukua la 43 ukalibandika jina la 42 ni kubahatisha tu, hata kama jamaa wa kwenye video aliapa kwamba kwake ilikubali.

Hapa ndipo wateja hutubishia: "Mbona yangu ina DirectX 12?" Ni kweli, na Windows 10 na 11 bado zinaendesha programu za DirectX 9. Lakini D3DX haikuwa sehemu ya Windows yenyewe. Ilikuja ndani ya diski ya gemu au programu, ikawekwa wakati wa kusakinisha. Ukinakili folda ya programu kwa flashi kutoka kwa rafiki, hatua hiyo umeiruka.

Tunachokataa kabisa ni kupakua faili moja moja kwenye tovuti zinazogawa DLL (mafaili ya maktaba kama hili) za bure. Hujui nani kaligusa faili hilo, na hata likiwa safi, watu huliweka pasipo pake. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 huweka mafaili ya biti 64, na SysWOW64 huweka ya biti 32. Majina yamekaa kinyume, lawama si zenu. Ukikosea, programu inakupa kosa jipya, 0xc000007b, na sasa una matatizo mawili.

Dawa ni kifurushi cha DirectX cha Juni 2010, bure, kutoka tovuti ya Microsoft. Kina karibu MB 96, kwa hiyo angalia bando. Ukikifungua kinakuuliza folda ya kutolea mafaili, kinayatoa, kisha kinanyamaza. Wengi hudhani kazi imeisha. Bado: ingia kwenye folda hiyo, bofya DXSETUP, ndipo usakinishaji uanze. DirectX 12 yako haiguswi. Kifurushi hichohicho kina xinput1_3.dll, ambalo nalo hulalamikiwa sana.

Si kila kosa la michoro linatibiwa hivyo. Programu ikilalamikia OpenGL, mfumo mwingine wa michoro, aghalabu draiva (programu inayoiwezesha Windows kuitumia kadi) ya kadi ya picha haijawekwa, na Windows imebaki na OpenGL 1.1 yake ya zamani. Weka draiva ya mtengenezaji, kunakili opengl32.dll hakutasaidia. Ikidai d3drm.dll, hiyo ni ya miaka ya 1990. Microsoft waliiondoa tangu Windows Vista na haimo kwenye kifurushi cha 2010. Kwa programu kama hizo mara nyingi tunapendekeza Windows XP ndani ya mashine pepe (kompyuta ya kuigiza inayoendeshwa ndani ya kompyuta yako), na tutakwambia mapema kama gharama yake inazidi faida.

Ukija dukani, njoo na picha ya kidirisha hicho uliyopiga kwa simu, jina la faili lisomeke lote. Kama ni D3DX, unasubiri hapohapo na hatugusi mafaili yako. Bei ya kupiga Windows hatukutozi.