Jumamosi kila mtu aje na kisa chake

Habari za jioni wapendwa. Kikao chetu kipo palepale: Jumamosi saa nne asubuhi, hapahapa Moshi mjini. Safari hii hakuna mada ya kufundishwa. Kila mmoja aje na kisa kimoja cha kazini ambacho bado hakijamtoka moyoni.

Naanza na changu. Nilimtembelea bibi mmoja wa Pasua anayelea mjukuu. Nikakaa kwenye kigoda, nikajaza fomu mwanzo hadi mwisho. Nilipouliza kuhusu chakula, bibi alikunja pindo la khanga, akalikunjua, akasema, "Tunamshukuru Mungu, mwanangu." Nikaandika: chakula kipo. Nimefika stendi ndipo nikakumbuka mafiga yake: yalikuwa baridi, hayana hata majivu. Kesho yake asubuhi nilirudi.

Donald Schön, msomi wa Marekani aliyechunguza jinsi watu wanavyojifunza kutokana na kazi zao, aliandika mwaka 1983 kwamba kuna kutafakari ukiwa ndani ya kazi na kuna kutafakari baada yake. Siku ile nilikosa la kwanza, na inaniuma. Fomu haina mahali pa mafiga, ndiyo maana naomba tusimuliane.

Badilisheni majina, umri na mtaa (hata hiyo Pasua nimeibadilisha). Mji wetu ni mdogo, watu wanajuana. Hakuna kurekodi. Anayesikiliza asikimbilie kutoa ushauri, aulize kwanza: "Uliona nini? Ulijisikiaje?"

Anayekuja aniandikie kabla ya Alhamisi usiku, nijue chai ya watu wangapi.