Barua ya wazi kwa Msajili wa Hazina: Pamoja na gawio, tuonyeshwe ankara

Ndugu Msajili wa Hazina,

YAH: KAZI ZA KISERA YANAZOBEBESHWA MASHIRIKA YA UMMA BILA KULIPIWA

Nakuandikia kutoka Nkuhungu, Dodoma. Mimi ni mhasibu mstaafu. Sehemu kubwa ya maisha yangu ya kazi niliitumia kwenye vyumba vya hesabu vya mashirika ya umma, na pensheni ninayoishi nayo imetoka huko. Siandiki kwa kutaka mashirika haya yauzwe, wala siandiki kwa kutaka yaachwe yalivyo. Nina ombi moja kwako wewe unayesimamia mali za Serikali kwenye mashirika haya, nalo linahusu daftari: kila shirika lionyeshe wazi gharama ya kazi linazotumwa na Serikali, na nani aliyezilipia.

Juni 2025 tuliona zaidi ya shilingi trilioni 1 zikikabidhiwa kwa Rais kama gawio na michango ya taasisi za umma. Siku kama hiyo mwaka uliotangulia zilikuwa shilingi bilioni 637. Nilifurahi, na nasema hivyo kwa dhati. Kwa miaka mingi Hazina ilimimina fedha kwenye mashirika ikapokea visingizio, kwa hiyo kuona mkondo unageuka si jambo dogo, na ofisi yako inastahili pongezi. Ila fedha ile ilikuwa ya aina mbili, na vichwa vya habari viliichanganya. Gawio ni sehemu ya faida. Mchango ni kitu kingine kabisa: sheria iliweka kwamba taasisi itoe asilimia 15 ya mapato yake ghafi, yaani kabla haijalipa mishahara, dizeli na mkandarasi. Mapato hayo ni ada, tozo na leseni alizolipa mwananchi. Taasisi inaweza kutoa mchango mnono huku magari yake yameegeshwa kwa kukosa matairi. Ukijumlisha fedha hiyo na gawio la benki utapata namba kubwa ya kusomwa jukwaani, lakini namba hiyo haimwambii mwenye mali kama shirika lake ni zima au linaumwa.

Ndugu Msajili, ukipita Kizota hapa Dodoma utayaona maghala ya nafaka. Sisi wa rika langu tukiyaona tunakumbuka Shirika la Usagishaji la Taifa, NMC. Naomba unisikilize kidogo juu ya shirika hilo, kwa sababu naamini ugonjwa wake haujazikwa.

Katikati ya miaka ya sabini Serikali iliamua mahindi yanunuliwe kwa bei moja nchi nzima. Mkulima wa Sumbawanga alipwe sawa na wa Morogoro. Lilikuwa wazo la haki, na sitalibeza: mikoa kama Rukwa na Ruvuma iliongeza kilimo cha mahindi kwa sababu ya bei ile. Lakini gunia la Sumbawanga lilipaswa kusafirishwa hadi Dar es Salaam kwa lori linalokunywa dizeli ya kuagiza nje, kwenye barabara za wakati ule. Likifika, sembe yake ilitakiwa kuuzwa kwa bei iliyopangwa, yenye ruzuku, mpaka ruzuku hiyo ilipoondolewa mwaka 1984. Katikati ya bei ya kununua na bei ya kuuza palikuwa na shimo. NMC haikulichimba. Ilikabidhiwa tu, ikaambiwa ifanye kazi.

Nani alilifukia? Bajeti ya Serikali haikulifukia lote. NMC ilikwenda Benki ya Taifa ya Biashara, NBC, ikachukua ovadrafti, yaani mkopo wa kutoa fedha kuliko zilizomo kwenye akaunti, mwaka baada ya mwaka. NBC nayo ilikuwa shirika la umma; meneja wake angeiambiaje Serikali kwamba nchi isile? Kwa hiyo hasara ya sembe ikahama kutoka vitabu vya NMC ikaingia vitabu vya benki kwa jina la mkopo. Mwaka 1991 ikabidi uundwe mfuko maalumu, LART, wa kukusanya madeni mabovu ya mabenki. Mwaka 1997 NBC yenyewe ikakatwa vipande. Gharama ya chakula cha miaka ya sabini na themanini ikalipwa miaka ya tisini, na waliolipa hawakuwahi kuulizwa, kwa sababu hapakuwa na ukurasa hata mmoja ulioandika: hii ni gharama ya uamuzi wa Serikali.

Watu walisema NMC imejaa wezi. Wezi walikuwepo. Lakini hata ungewafunga wote Isanga, hesabu isingekaa sawa. Na kuna jambo ambalo mhasibu yeyote aliyekaa kwenye shirika la aina hiyo analijua: hasara ya amri ndiyo maficho bora ya mwizi. Shirika likishakuwa na pengo ambalo kila mtu analielewa na hakuna anayelipima, pengo la pili huingia humo humo bila mtu kustuka. Mkaguzi akiuliza, jibu lipo tayari: tulitumwa na Serikali. Hapo ndipo mali ya umma inapogeuka shamba la bibi. Wahenga wa biashara walisema mali bila daftari hupotea bila habari, nami naongeza kwamba daftari linalochanganya hasara ya kutumwa na hasara ya uzembe halina tofauti na kukosa daftari.

Sasa angalia vipande vya NBC. Kimoja kikawa NMB. Mwaka 2005 asilimia 49 ya hisa zake ziliuzwa kwa kundi la wawekezaji lililoongozwa na Rabobank ya Uholanzi, mwaka 2008 hisa zikaingia Soko la Hisa la Dar es Salaam, na leo Serikali, ikiwa na asilimia 31.8 tu, hupokea gawio ambalo NBC ya zamani isingeliota. Wapo wanaoisoma habari hiyo na kuhitimisha kwamba dawa ni kuuza. Mimi sikubaliani nao. Reli ya Kati ilikabidhiwa kwa kampuni ya RITES ya India mwaka 2007 kwa mkataba wa miaka 25 na asilimia 51 ya hisa. Haikufika miaka mitano ikarudi serikalini. Asilimia 49 za shirika letu la ndege zilikwenda kwa South African Airways mwaka 2002, zikarudi 2006. Mkataba wa kampuni binafsi ya City Water wa maji ya Dar es Salaam ulianza 2003, ukavunjwa 2005. Tuliuza, tukanunua tena. Kilichoitofautisha NMB, kwa macho yangu, ni kwamba hulazimika kuchapisha hesabu zake kila robo mwaka, na akitokea mkubwa kuitaka ifanye kazi ya hasara, yupo mwenye hisa mwingine atakayeuliza nani analipa. Swali hilo moja ndilo ninalolitaka kwenye mashirika yetu yote, hata yale yasiyouza hisa moja.

Wala hili si gonjwa la Ujamaa peke yake, kama wanavyopenda kusema vijana. Nenda Kongwa. Mwaka 1947 Waingereza walianza pale mpango wao wa karanga, na mwaka uliofuata wakaukabidhi kwa shirika la umma la Uingereza, Overseas Food Corporation. Lengo la ekari 150,000 za mwaka wa kwanza lilipangwa London. Walijenga tawi la reli kutoka Msagali, wakaleta matrekta na vifaru vilivyogeuzwa kuwa matrekta, kabla ya kuijua vizuri ardhi ile na mvua zake, ambazo Mgogo yeyote angewaeleza. Udongo ulikauka ukawa mgumu kama saruji. Mpango ulifutwa Januari 1951 baada ya kumeza takriban pauni milioni 36 za walipa kodi wa Uingereza. Lile lilikuwa taifa lenye wahasibu wa kila namna. Lakini lengo lilishakuwa la kisiasa, na aliyekuwa Kongwa alipaswa kuripoti ekari, si kuuliza gharama ya ekari.

Najua ofisi yako imekuwa ikisisitiza mikataba ya utendaji na watendaji wakuu, wapimwe kwa malengo. Ni hatua nzuri. Korea Kusini ilianza kupima mashirika yake hivyo miaka ya themanini, matokeo yakitangazwa wazi, na ilifanikiwa. Senegal nayo ilisaini mikataba ya namna hiyo miaka hiyo hiyo, lakini Serikali yenyewe haikutimiza upande wake: iliahidi kulipa ankara za umeme za taasisi zake, haikulipa. Mkataba unaombana mtumwaji peke yake, huku mtumaji akiwa huru, ni karatasi tu.

Na hapa nirudi nyumbani. Dodoma sasa imejaa wizara na taasisi. Mita zao za maji zinasoma kama zetu. Mji umekua kuliko visima vya Mzakwe vinavyoweza kuutosheleza, na tunaoishi huku tunaujua mgao. Mimi nisipolipa ankara nakatiwa, na ni haki. Lakini ripoti za Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali (CAG) zimekuwa zikitaja mara kwa mara madeni ambayo mamlaka za maji nchini zinazidai taasisi za Serikali. Machi 2017, akiwa Mtwara, Rais Magufuli aliiagiza TANESCO iwakatie umeme wadaiwa wote, hata kama ni Ikulu. Agizo lile lilishangiliwa kwa sababu kila mtu alijua ukweli wake. Shirika haliwezi kudaiwa ufanisi na mtu yule yule anayekalia fedha zake. Kila shilingi ambayo wizara haijailipa mamlaka ya maji ni mkopo usio na riba, na anayeutoa ni mama wa Nkuhungu anayenunua maji ya dumu.

Au chukua treni. Tangu Julai 2024 treni ya umeme inatufikisha Dar es Salaam, na nauli ya daraja la kawaida ilianza kwa shilingi 31,000. Tunaipenda. Lakini mkopo uliojenga reli ile umewekwa wapi? Nauli hupangwa na mdhibiti wa usafiri wa nchi kavu ili watu waimudu, na ni vyema. Ikiwa deni lote la ujenzi litabebwa na vitabu vya Shirika la Reli, TRC, shirika litaonekana linaanguka hata likifanya kazi usiku na mchana. Likiwekwa kando kimya kimya, litaonekana lina faida ambayo si yake. Vyote viwili vitampotosha mbunge atakayekuja kuamua hatima yake.

Kuunganisha na kufuta mashirika, kama ilivyotangazwa Desemba 2023 kwa taasisi 16 kuunganishwa na 4 kufutwa, kuna mahali pake, ila hakujibu swali hili. Sisi wa Dodoma tuliishi na CDA, Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, tangu 1973. Ilipima viwanja, ikavigawa, ikavisimamia, na watu walilalamika mpaka Rais akaivunja tarehe 15 Mei 2017. Siku iliyofuata kazi zake zilikuwa bado zipo, kwenye meza za Manispaa. Kibao kilibadilika mlangoni; viwanja vilibaki vya kupimwa, na gharama ya kuvipima ilibaki ya kulipwa na mtu.

Uteuzi wa bodi nao una mengi ya kusemwa, lakini wengine wameusemea vizuri na nisingependa kukuchosha.

Ninachoomba, Ndugu Msajili, ni ukurasa mmoja kwa kila shirika kati ya hizo taasisi zaidi ya 300 zilizo chini yako. Ripoti ya CAG tunayo na tunaishukuru, lakini hiyo ni sauti ya mkaguzi. Mwenye mali naye aseme. Ukurasa huo uandike kwa Kiswahili: shirika hili limetumwa na Serikali kufanya kazi gani ambayo mfanyabiashara asingeifanya, kazi hiyo iligharimu kiasi gani mwaka huu, Hazina ililipia kiasi gani, taasisi za Serikali zinadaiwa na shirika hili kiasi gani, zikitajwa moja moja, na baada ya kuyatoa yote hayo, faida au hasara inayobaki ni ya menejimenti, iwe nzuri au mbaya. Ghana imekuwa ikitoa ripoti ya kila mwaka juu ya mashirika yake yote, kwa hiyo hatuombi jambo lisilowezekana Afrika. Hati safi haitoshi. Wenzangu wa mtaani wanadhani hati safi maana yake shirika linaendeshwa vizuri, kumbe maana yake ni kwamba hesabu zimeandikwa kwa kufuata kanuni, hata kama ni hesabu za kufilisika.

Najua ukurasa huo utawaudhi baadhi ya wakubwa, kwa kuwa utamfanya anayetoa amri aonekane pamoja na bei ya amri yake. Watendaji wakuu waaminifu watakushukuru, maana kwa sasa wanabeba lawama zao na za wengine. Wasio waaminifu watakosa pa kujificha.

Toa kurasa hizo siku ile ile ya kukabidhi gawio Juni ijayo. Kama mashirika yote hayawezekani kwa mwaka mmoja, anza na ya maji, umeme, reli na nafaka. Nakala ziwekwe kwenye ofisi za kata, nami nitakwenda kuisoma ya kwetu.

Wako katika ujenzi wa Taifa,

Mhasibu mstaafu,
Nkuhungu, Dodoma

Nakala: Mwenyekiti, Kamati ya Kudumu ya Bunge ya Uwekezaji wa Mitaji ya Umma, Dodoma