Kimya cha ofisi kihesabiwe kuwa jibu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nizungumzie jambo linalowanyima usingizi walimu wachanga: faili kukaliwa. Nilifundisha shule za msingi wilayani Kondoa hadi nilipostaafu, na sasa binti wa marehemu kaka yangu naye ni mwalimu. Mwaka wake wa majaribio umekwisha siku nyingi, mkuu wake wa shule amempendekeza, nyaraka zote zimepelekwa. Barua ya kumthibitisha kazini haijatoka. Kila akifunga safari kwenda kuulizia, na nauli inatoka kwenye mshahara uleule, anaambiwa faili liko mezani, arudi wiki ijayo. Hajaambiwa amekosea nini. Hajakataliwa. Na asipothibitishwa, daraja hapandi.

Wengi wetu hudhani mahakama hushughulikia lililotendwa tu. Sivyo. Sura ya 310 ya sheria zetu inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kutoa amri ya mandamus, yaani kumwamuru mwenye mamlaka atimize wajibu aliopewa na sheria. Jaji hamthibitishi mwalimu kazini. Anaiambia ofisi iamue, ndiyo au hapana. Kwa anayesubiri, hata "hapana" yenye sababu ni nafuu, maana hiyo ina pa kukatia rufaa.

Ugumu uko kwenye njia ya kuipata amri hiyo. Kwanza uombe kibali cha Mahakama Kuu cha kupeleka ombi lako, na kanuni za mwaka 2014 zinakutaka ukiombe ndani ya miezi 6 tangu siku ya jambo unalolilalamikia, liwe limetendwa au halikutendwa. Lililotendwa lina tarehe. Lisilotendwa tulihesabu kuanzia lini? Siku faili lilipopokelewa? Siku binti alipoambiwa mara ya kwanza arudi wiki ijayo? Mwalimu mvumilivu anaweza kuonekana amechelewa kwa sababu tu alimheshimu mkubwa wake. Tena, kesi iliyotoka Bukoba mwaka 1986 iliweka sharti kwamba mwombaji aonyeshe alidai wajibu ule utimizwe, akakataliwa. Sharti hilo silipingi, ni vizuri ofisi ipewe nafasi kwanza. Lakini isipojibu kabisa, mwalimu anabaki kubishania kama kimya nacho ni kukataa, huku wakili anahesabu gharama.

Wenzetu wa Kenya wamelifikia jambo hili. Ibara ya 47 ya Katiba yao ya mwaka 2010 inampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na watawala bila kucheleweshwa, na sheria yao ya mwaka 2015 inautaja ucheleweshaji usio na msingi kuwa hoja ya kumfikisha mtawala mbele ya jaji. Katiba yetu, Ibara ya 107A, inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Wanaokaa na mafaili nao wabanwe hivyo hivyo. Nawaomba wabunge, ambao wanakutana hapa hapa Dodoma, waweke ukomo katika sheria. Mimi ningesema siku 60. Zikipita bila jibu la maandishi, kimya kihesabiwe kuwa kukataa, na ile miezi 6 ianzie hapo.

Kwa walimu ambao mafaili yao yamelala leo, nawasihi: msidai kwa mdomo. Andika barua, taja tarehe nyaraka zako zilipopokelewa, omba uamuzi au sababu za kukosekana kwake, kisha ipeleke masijala na usiondoke mpaka nakala yako igongwe muhuri. Binti yetu alikuwa amekwenda mara nyingi, lakini hakuwa na karatasi hata moja ya kuonyesha kwamba aliwahi kufika. Juzi nilikaa naye tukaandika barua yake ya kwanza. Muhuri upo, tarehe inasomeka, na tumeanza kuhesabu siku.

Mwalimu mstaafu,
Kondoa, Dodoma