Mjukuu wangu sasa anaitwa Godoro

Mhariri,

Gazeti hili nalinunua tangu watoto wangu wakiwa chekechea na sijawahi kuwasumbua kwa barua. Lakini ile makala yenu ya Jumapili, ya kusifia kipindi cha runinga kinachofuata watoto wa mitaa kama wetu "wakiishi tu maisha yao", imenikwama kooni kama mwiba. Mwandishi wenu anasema watoto huisahau kamera baada ya siku mbili. Ni kweli, na ndiyo maana nalalamika.

Miaka sita iliyopita watu wa namna hiyo walipiga kambi kwenye ploti yetu hapa Kayole. Mjukuu wangu alikuwa na miaka saba. Fomu ya idhini ilikuwa ya Kiingereza, kurasa nne, na mama yake aliitia sahihi jikoni mwiko ukiwa mkononi. Siku ya tatu, tumeshawazoea hadi tunawamiminia chai, mtoto akatoa godoro kulianika kwenye roshani. Kamera ikamfuata. Mama yake, bila kufikiri, akamwuliza, "Leo tena?" Sekunde chache tu, Mhariri. Zikaonyeshwa, zikarudiwa wakati wa likizo, kisha mtu akazikata akazisambaza kwenye simu. Sasa yuko Gredi ya 8, sauti imeanza kuwa nzito, na shule nzima inamwita Godoro. Muhula uliopita alikaa nyumbani siku nne akisingizia tumbo. Nilipopiga simu kituo cha runinga niliambiwa fomu ilitiwa sahihi. Fomu! Mtoto mwenyewe alitia sahihi gani? Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inataka idhini ya mzazi, ndiyo, lakini inataka pia maslahi ya mtoto yalindwe. Mwaka wa 2023 shule moja ilitozwa faini ya zaidi ya Sh4.5 milioni kwa kuchapisha picha za watoto bila wazazi kukubali. Sisi tuliokubali bila kuelewa twende kwa nani?

Huko Uingereza, mwaka wa 1964, runinga iliwarekodi watoto 14 wa miaka saba, ikawa inawarudia kila baada ya miaka saba. Baadhi yao walipokua walikataa. Angalau waliulizwa.

Na hawa waheshimiwa wanaogawa basari za karo na sodo za hedhi ni walewale. Msichana anapangwa mbele ya wapiga picha ameshika pakiti ya sodo kama kombe la kandanda, mheshimiwa kando anachekelea. Hajamwuliza kama baba yake na wavulana wa darasa lake watatazama taarifa ya habari.

Pendekezo langu ni hili: kabla ya kipindi kwenda hewani, mtayarishaji akilete hapa Jumapili baada ya kanisa, tukitazame pamoja, mtoto akiwepo. Na kianze kwa dakika tatu za mtoto wake mwenyewe saa kumi na mbili asubuhi, kabla hajanawa uso. Chai nitapika mimi. Godoro la kukalia lipo.

Nyanya,
Kayole, Nairobi