Piksa zina wenyewe

Mwanangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka Arua. Sisi hatujambo, na baba yako anakusalimu. Ujumbe wako nimeupata: unataka nikutolee piksa za zamani za eksirei kwenye stoo ya hospitali, uzipige upya kwa kamera kama alivyofanya Barbara Hammer, yule mtengeneza filamu wa Marekani. Hizo sikupi. Usinune kwanza, nisikilize.

Filamu yake uliyonitumia, *Sanctus* ya 1990, nimeitazama na kuirudia. Mifupa inatembea, taya linatafuna, moyo unadunda. Picha zile zilipigwa na Dkt. James Sibley Watson na wenzake miaka mingi kabla yake. Hammer akazitia rangi na kuzipandanisha. Wewe umeona uzuri, nami nimeuona. Ila mimi kazi yangu ni eksirei, nikawaza mionzi. Piksa ya kifua ni kufumba na kufumbua, lakini picha inayotembea humpiga mtu mionzi muda wote anaporekodiwa. Wale watu walielezwa nini? Wagonjwa wangu walivua nguo ili watibiwe, hawakuvua kwa ajili ya sinema. Piksa zao ni zao, hata wakiwa wamekufa.

Hammer mwenyewe namheshimu mno. Alipenda wanawake wala hakuficha, na tangu miaka ya 1970 alijiweka mbele ya kamera yake, hadi saratani ya ovari ilipompata. Alifariki 2019 akiwa na miaka 79. Mwili wake aliutoa kwa hiari yake.

Sasa rafiki zako wa Kampala unaotaka kuwapiga picha, fikiria wanatoa nini. Sheria ya Uganda ya 2023 inasema anayetangaza mapenzi ya jinsia moja anaweza kufungwa hadi miaka 20. Mahakama ya Katiba, Aprili 2024, iliondoa kifungu kilicholazimisha watu kuripotiana, lakini sehemu kubwa ikaiacha. Uso mmoja kwenye kompyuta iliyokamatwa unaweza kumharibia mtu maisha, na wewe pamoja naye. Kwa hiyo usipige picha za sura. Majina usiyaandike popote. Anayebadili mawazo, hata siku ya mwisho, futa picha zake mbele ya macho yake.

Wala usidhani filamu itapungua. Nikiletewa piksa ya nyonga, mara nyingi najua kama ni ya mwanamke au mwanamume. Ya kiganja cha mtu mzima siwezi kuapa. Na mtu anampenda nani, sijawahi kuona mfupa unaosema, miaka yote hii. Anzia kwenye viganja, mwanangu. Hapo pana filamu nzima.

Piksa utapata zangu: ya kifua nilipougua nimonia, na ya mkono wa kushoto ulipovunjika. Nimezifunga kwa katoni, zitakuja na basi la Ijumaa usiku, uzichukue asubuhi. Jina langu limeandikwa pembeni. Hilo liache lionekane.

Mama yako