Nauli ya kliniki ya miguu kifundo

Mhariri,

Naomba nafasi niwasemee wazazi wa watoto waliozaliwa na miguu kifundo, yaani nyayo zilizopindia ndani. Hali hii inatibika, tena mara nyingi bila upasuaji mkubwa. Kwa njia ya daktari Ponseti, mguu wa mtoto mchanga hunyooshwa taratibu na kufungwa hogo (plasta ngumu), ambalo hubadilishwa kila wiki kwa wiki kadhaa. Wengi hukatwa kidogo kano ya kisigino kwa ganzi. Kisha huja viatu vilivyounganishwa kwa kipande cha chuma: saa 23 kwa siku kwa miezi mitatu, baadaye wakati wa kulala tu, hadi afike miaka minne hivi.

Hapo kwenye viatu ndipo wengi wanapokwama. Mtoto analia usiku, majirani wanauliza mnamtesea nini, na mama mkwe anashauri vivuliwe. Vikivuliwa, mguu hurudi kupinda.

Kabla ya hapo kuna nauli. Kliniki nyingi ziko mijini, na mama wa kijijini anayeuza mboga hawezi kufunga genge kila wiki na bado akapata pesa ya basi, kwenda na kurudi. Wakati mwingine baba ameshaondoka akidai kwao hakuna ulemavu (kana kwamba mtoto aliletwa na mama peke yake!).

Naziomba halmashauri zetu zitenge fungu la nauli kwa familia hizi, na wakunga wakague nyayo za kila mtoto kabla mama hajaruhusiwa kwenda nyumbani.

Msomaji wenu,
Handeni, Tanga