Mjomba, tumruhusu Mwanaisha agombee

Atlanta, Georgia

Kwa Mjomba wangu mpendwa,

Assalaam aleikum warahmatullahi wabarakatuh. Shikamoo, Mjomba. Sisi huku tu wazima. Kazi ya usiku inaendelea, na hilo halina haja ya maelezo. Ujumbe wako wa sauti kuhusu Mwanaisha kugombea kiti cha wadi nimeusikiliza wote, na nimeona kwamba jambo ulilolisema si la kujibiwa kwa simu.

Umesema kwamba mwanaharakati akishaingia bungeni huwa amekwisha kununuliwa, kwamba Mwanaisha aliyelala korokoroni kwa ajili ya mashamba ya watu atauza sauti yake siku atakapopewa kiti cha wadi, na kwamba mimi ndiye ninayempoteza kwa dola zangu. Hilo la mwisho limeniuma. Kwenye kikao cha Idd lilisemwa mbele ya Mama na hakuna aliyenitetea, ilhali dola hizo hizo zilipojenga ukuta wa nyumba ya Shee na kuwalipia karo watoto wa marehemu Khalati hazikuwa na ubaya wowote. Nimelisema ili linitoke moyoni. Sasa nijibu hoja yako, kwa sababu ni hoja nzito, na mji huu ninaoishi una jibu lake.

Wewe ndiye uliyetufundisha kumheshimu Jaramogi Oginga Odinga, mpigania uhuru wa Kenya. Basi ujue kwamba Desemba 1963, siku chache tu baada ya uhuru, Oginga Odinga alipita hapa Atlanta, na vijana weusi wa SNCC, ile kamati ya wanafunzi waliopinga ubaguzi bila kutumia ghasia, wakaenda hotelini kumwamkia. Walipotoka waliingia mgahawa wa jirani, wakanyimwa huduma, wakagoma kuondoka, wakakamatwa. Mtu aliyesimamia habari za kamati hiyo, akiandika taarifa zake na kuhariri gazeti lake, alikuwa Julian Bond, na yeye ndiye ninayetaka kukusimulia habari zake.

Alizaliwa Nashville mwaka 1940, akasoma Morehouse, chuo kile kile anachosoma Omari wangu sasa. Mjomba, nikipita kwenye lango la chuo kile huwa natamani Baba angekuwa hai akaona mjukuu wake anapoingilia. Bond alikamatwa mwaka 1960 kwa kukaa katika mkahawa wa ukumbi wa jiji uliotengewa wazungu, kisha akaacha masomo akaingia harakati moja kwa moja. Mwaka 1965, baada ya mahakama kuamuru mipaka ya uchaguzi ichorwe upya, nafasi zikapatikana katika Bunge la Georgia, naye akagombea. Hata ndani ya SNCC walikuwapo wenzake waliosema maneno kama yako, kwamba mwenzao anaingia chama na bunge la watu wale wale wanaowakandamiza. Yeye akaenda mlango kwa mlango, akawauliza watu wanataka mbunge wao afanye nini, akashinda kwa wingi mkubwa akiwa na umri wa miaka 25.

Sasa sikiliza yaliyomkuta. Tarehe 3 Januari 1966, Sammy Younge, mwanafunzi wa chuo cha Tuskegee huko Alabama aliyekuwa amelitumikia jeshi la wanamaji la Marekani, alipigwa risasi akafa kwa sababu ya kutaka kutumia choo cha wazungu kwenye kituo cha mafuta. Siku tatu baadaye SNCC ikatoa tamko la kupinga vita vya Vietnam na kuwaunga mkono vijana waliokataa kuandikishwa jeshini. Bond hakuliandika tamko hilo, lakini mwandishi wa habari alipompigia simu akimuuliza kama anakubaliana nalo, alijibu kwamba anakubaliana. Angeweza kunyamaza kwa siku nne tu, aapishwe, kisha aseme. Tarehe 10 Januari wenzake waliapishwa, yeye akaambiwa asimame kando, na baraza likapiga kura 184 kwa 12 kumnyima kiti, kwa hoja kwamba mtu mwenye maneno kama yale hawezi kuapa kwa dhati kuilinda katiba. Martin Luther King akaongoza maandamano hadi kwenye jengo la bunge. Kiti kikatangazwa kuwa wazi, uchaguzi ukarudiwa, watu wakamchagua tena. Kamati ya bunge ikamkataa tena. Novemba wakamchagua mara ya tatu. Desemba 5, 1966, majaji wote tisa wa Mahakama ya Juu ya Marekani wakaamua kwamba Georgia ilikuwa imemnyima haki yake ya kusema, na kwamba mbunge anapaswa kuwa na nafasi pana ya kutoa maoni kuhusu mambo ya serikali. Januari 1967 akaapishwa.

Mtu aliyenunuliwa hawezi kukaa nje ya mlango mwaka mzima kwa ajili ya sentensi ambayo hakuiandika yeye.

Alikaa katika Baraza la Wawakilishi la Georgia hadi mwaka 1975, kisha katika Seneti ya Georgia hadi mwaka 1987. Sikufichi kwamba miaka hiyo ilikuwa ya kazi ngumu isiyo na shangwe, ya kupeleka miswada kwa watu wengi waliokuwa wamemkataa, na mingi haikupita. Lakini alibaki na maneno yake. Mwaka 1968 aliongoza ujumbe wa Georgia uliopinga ujumbe rasmi kwenye mkutano mkuu wa chama cha Democratic huko Chicago, akapendekezwa hata kuwa makamu wa rais, akajitoa kwa sababu katiba inataka umri wa miaka 35 naye alikuwa na 28. Baadaye, kuanzia mwaka 1998 hadi 2010, aliongoza bodi ya NAACP, chama kikongwe cha kutetea haki za weusi wa Marekani. Harakati hazikumwacha alipokuwa bungeni, wala hakuziacha alipotoka.

Liko jambo moja katika maisha yake linalonitisha zaidi kuliko rushwa unayoiogopa wewe. Mwaka 1986 aligombea kiti cha Bunge la Marekani, katika eneo ambalo yeye mwenyewe alipigania akiwa seneta lichorwe ili weusi wapate mwakilishi, na mpinzani wake akawa John Lewis, rafiki yake tangu SNCC. Kampeni ilijaa maneno ya kuumizana. Lewis akashinda kwa tofauti ndogo, na urafiki ule haukurudi kuwa kama zamani. Ndiyo maana nimefadhaika kusikia kwamba kuna wanaomshawishi Shee agombee wadi ile ile ili kura za ukoo zigawanyike. Nakuomba, Mjomba, kwa heshima yote, hilo ulizuie wewe, kwani hakuna mwingine atakayesikilizwa.

Mimi tangu nipate uraia sijakosa kupiga kura, na mbunge wa jimbo wa eneo letu ananijua kwa jina. Hata hivyo, nikisimama mbele ya jengo la bunge lao lenye kuba la dhahabu, ninachokitamani ni baraza yako baada ya Isha, wewe ukisema na sisi tukikaa kimya, na hamu hiyo hunifanya nirudi nyumbani bila kuongea na mtu.

Fedha nilizompelekea Mama kwa M-Pesa ni za kupiga chapa vipeperushi na za mafuta ya pikipiki. Hakuna shilingi ya kugawia wapiga kura, na nimemwambia Mwanaisha kwamba nikisikia amegawa nitakata msaada siku hiyo hiyo. Nimemwambia pia aanze kama Bond, apite nyumba kwa nyumba awaulize watu wanataka nini kabla hajawaahidi chochote, na nyumba ya kwanza iwe yako. Atakuja Ijumaa baada ya swala. Mpokee, umuulize yote unayoyashuku, tena kwa ukali kama unavyotuuliza sisi, kisha uniambie alivyojibu. Mpaka Agosti 2027 muda upo, lakini bila wewe hawezi kuanza.

Nisalimie Bi Rukia na wote wa nyumbani.

Wako mtiifu,
Mwanao wa Atlanta